Kwa nini tabia hukaa vilevile miaka mingi kisha hugeuka ghafla?

Swali: Daktari, nasomea saikolojia. Tunafundishwa kwamba akili hupokea taarifa, huzichakata, halafu hutoa amri kwa mwili, kama kompyuta. Nimekutana na maandishi yanayosema akili na tabia zieleweke kwa nadharia ya mifumo dinamiki, yaani hesabu za vitu vinavyobadilika kadiri muda unavyopita: vivutio, uthabiti, kaosi. Je, hii ni sayansi yenye vipimo au ni maneno ya kupendeza tu? Inaweza kunieleza kwa nini mtu hukaa na tabia ileile miaka mingi, kisha hubadilika ghafla, na hata sababu iliyombadilisha ikiondoka harudi alikokuwa? Na je, naweza kuitumia katika utafiti wangu kuhusu tabia?

Jibu: Ndugu yangu, ni sayansi yenye vipimo. Wapo wanaoichukua kama pambo la maandishi yao, na baadaye nitakuonyesha namna ya kuwatambua. Kwanza fanya jaribio moja, kwa sababu ukilifanya kwa mikono yako utaelewa mengi kuliko nikikupa maana za istilahi.

Weka mikono miwili juu ya meza, kunja ngumi, kisha nyosha vidole vya shahada vielekee mbele. Vichezeshe vyote kwenda kushoto kwa pamoja, halafu kulia kwa pamoja, polepole. Ongeza kasi kidogo kidogo. Usishindane na vidole. Viache vifanye vinavyotaka. Ukifika kasi fulani vitaanza kuyumba, mpangilio utalegea, na mara utajikuta unavichezesha kwa namna nyingine: vyote vinakuja ndani vikakaribiana, kisha vyote vinakwenda nje vikaachana. Hukuamua kubadili. Sasa punguza kasi taratibu mpaka ile uliyoanzia. Utaona vidole havirudi kwenye mtindo wa kwanza. Vinaendelea kukaribiana na kuachana mpaka uamue mwenyewe kuvirudisha.

Tazama umeshapata nini hapo: tabia iliyodumu, badiliko la ghafla lililotokana na ongezeko la polepole, na kutorudi nyuma baada ya kisababishi kuondoka. Ndilo swali lako lote, katika vidole viwili.

Mtafiti J. A. Scott Kelso alianza kuupima mwendo huu nchini Marekani mwanzoni mwa miaka ya 1980. Mwaka 1985 yeye pamoja na Hermann Haken, mwanafizikia wa Stuttgart aliyejulikana kwa nadharia yake ya leza, na Herbert Bunz walichapisha mlinganyo mfupi unaoueleza. Kiini cha mlinganyo huo ni kiasi kimoja tu kinachobadilika: tofauti ya awamu, yaani kidole kimoja kiko wapi katika mzunguko wake ukilinganisha na mwenzake. Tofauti ikiwa nyuzi 0, vidole vinaingia ndani na kutoka nje kwa pamoja. Ikiwa nyuzi 180, kimoja kinaingia huku kingine kinatoka, na hiyo ndiyo hali uliyoanza nayo. Ndani ya mlinganyo mna nguvu mbili, ya kwanza ikivuta kuelekea nyuzi 0 tu, ya pili ikivuta kuelekea 0 na 180 sawasawa, na uwiano wake hubadilika kadiri kasi inavyopanda. Mwendo ukiwa wa polepole, hali zote mbili ni thabiti. Uwiano wa nguvu ya pili kwa ya kwanza ukishuka chini ya 0.25, hali ya nyuzi 180 hupoteza uthabiti wake, na inabaki moja tu.

Wataalamu huichora hesabu hii kama mpira katika nchi yenye mabonde. Mahali mpira ulipo ndiyo hali ya mfumo kwa sasa. Chini ya bonde ni kivutio: usukume kidogo, utarudi. Kina cha bonde ndicho uthabiti. Sasa angalia kazi ya kasi katika picha hiyo, maana hapa ndipo wengi wanapopotea. Kasi haiusukumi mpira kwenda popote. Inabadilisha umbo la nchi. Bonde moja linazidi kujaa, mwishowe linakuwa tambarare, na mpira unateremkia kwenye bonde lililobaki. Ukirudisha kasi chini, bonde la kwanza linachimbika upya mahali pake, lakini mpira uko kwingine na hauna sababu ya kupanda kilima. Kutorudi huko huitwa histeresisi, na kumepimwa katika mambo mengi mno, kuanzia sumaku hadi jicho linapotazama picha zenye sura mbili.

Kama ingeishia kwenye picha hiyo, ningekubaliana na wanaosema ni pambo. Lakini mlinganyo ulitoa tabiri ambazo zingeweza kushindwa. Bonde linapokuwa na kina kifupi, mambo mawili hayana budi kutokea kabla ya mgeuko wenyewe: misukosuko midogo ya kawaida itauyumbisha mpira zaidi, na ukiusukuma utachukua muda mrefu zaidi kurudi. Wanamaabara walikwenda kutafuta hayo mawili, wakayapata. Mtawanyiko wa tofauti ya awamu uliongezeka karibu na kasi ya mgeuko. Walipokistua kidole katikati ya mwendo, muda wa kurudi kwenye mpangilio ulirefuka kadiri mgeuko ulivyokaribia.

Kisha mwaka 1990 Richard Schmidt, Claudia Carello na Michael Turvey waliwakalisha watu wawili, kila mmoja akibembeza mguu wake, wakitazamana miguu. Walitakiwa kubembeza kwa kupishana, na kasi ikapandishwa. Katika kasi fulani watu wale wawili waliteleza, wakajikuta wanabembeza pamoja, na alama zilezile za kuyumba zilionekana kabla ya kuteleza. Watu wawili hawana neva za pamoja. Kilichowaunganisha ni macho tu. Mimi huwa nasita hapa kila ninapolifundisha jambo hili, kwa sababu linaonyesha kwamba sheria ya mwendo huu haikai ndani ya misuli fulani wala sehemu fulani ya ubongo. Inakaa katika uhusiano kati ya vitu viwili vinavyotikisika huku vikiathiriana.

Sasa nadharia yenyewe ni rahisi kuisema. Chagua kiasi kinachoeleza hali ya mfumo kwa sasa. Andika kanuni inayosema hali hiyo itabadilikaje kutoka dakika hii hadi inayofuata. Taja vigezo vya nje vinavyoibadilisha kanuni hiyo. Kisha usiulize tu mfumo utafika wapi. Uliza una makazi mangapi, yaani hali za kutulia, yapi ni thabiti, na vigezo vikisogea ni lini makazi yatazaliwa au kutoweka. Njia hii ya kuuliza ilianzishwa na mwanahisabati Mfaransa Henri Poincaré mwishoni mwa karne ya 19 alipokuwa akihangaika na mwendo wa sayari: aliona kwamba huwezi kuandika jibu kamili la miili mitatu inayovutana, lakini unaweza kuelewa umbo la miendo yao yote.

Umetaja kaosi, yaani hali ambayo tofauti ndogo mno mwanzoni huzaa tofauti kubwa baadaye, nami niiseme kwa ufupi. Mwaka 1961 mtaalamu wa hali ya hewa Edward Lorenz, akiwa na programu yake ya hali ya hewa, aliingiza 0.506 mahali pa 0.506127, na baada ya muda hali ya hewa katika hesabu yake haikufanana tena na ya awali. Makala yake ya 1963 ikaweka msingi. Ni ugunduzi mkubwa, na mtafiti wa ubongo Walter Freeman aliutumia kueleza mawimbi ya ubongo wa sungura anaponusa. Lakini kwa mtu anayeanza kuchunguza tabia, nadhani kaosi ndiyo sehemu yenye faida ndogo kuliko zote. Kuithibitisha kunahitaji takwimu ndefu na safi ambazo saikolojia huwa nadra kuzipata. Maandishi mengi yanayosema akili ni kaosi hayana hesabu yoyote ndani yake. Nguvu ya nadharia hii kwako iko katika uthabiti na kupotea kwake.

Twende kwa watoto, kwa kuwa huko ndiko nadharia hii ilikotikisa saikolojia hasa.

Mshike mtoto mchanga wima, nyayo zikigusa mahali tambarare, atainua miguu kwa kupokezana kama anayetembea. Kwenye umri wa takriban miezi miwili mwendo huo hupotea, kisha kutembea huja karibu na mwisho wa mwaka wa kwanza. Kwa miongo mingi maelezo yalikuwa kwamba gamba la ubongo linapokomaa huizima rifleksi hiyo, yaani mwitikio huo usio wa hiari, halafu baadaye hutoa mpango mpya wa kutembea wa hiari. Ni maelezo ya aina unayofundishwa: kuna amri, amri inazimwa, amri mpya inatoka.

Mwanasaikolojia wa ukuaji Esther Thelen hakuridhika. Aliona kwamba mtoto yuleyule ambaye hainui tena miguu akiwa wima, ukimlaza chali hupiga mateke kwa mpangilio uleule. Kama ubongo umeizima rifleksi, mbona mateke yapo? Tena aliona kwamba katika miezi hiyo miguu ya mtoto hunenepa haraka kuliko misuli inavyopata nguvu. Mwaka 1984 yeye na wenzake walifanya majaribio mawili ambayo hadi leo nayahesabu kuwa miongoni mwa mazuri kabisa katika saikolojia ya ukuaji. Watoto ambao bado walikuwa wanainua miguu waliwafunga vizito vidogo vya kufidia unene ambao wangeupata, kuinua kukapungua. Wengine waliwashikilia miguu ikiwa ndani ya maji, ambamo uzito hupungua, kuinua kukaongezeka. Ubongo ulikuwa uleule kabla na baada ya maji. Baadaye Thelen aliwashika watoto wa miezi saba, ambao hawajaanza kutembea, juu ya mkanda unaokwenda, na miguu yao ikapiga hatua za kupokezana bila kufundishwa.

Ukiuliza sasa, “Mpango wa kutembea umehifadhiwa wapi?”, swali halina mahali pa kukaa. Hatua hutokana na uzito wa mguu, mnyumbuko wa misuli, mvutano wa dunia, neva na sakafu, vyote vikikutana kwa wakati mmoja. Badili kimoja, hata kile kinachoonekana hakihusiani na akili, na tabia nzima inaweza kutokea au kutoweka.

Unaweza kusema kutembea si kufikiri. Thelen na Linda Smith walilijua pingamizi hilo, na katika kitabu chao cha 1994 wakachukua mfano kutoka katikati ya nadharia ya Jean Piaget, mwanasaikolojia wa Uswisi aliyechunguza kufikiri kwa watoto. Mtoto wa miezi minane hadi kumi anaona kitu kikifichwa mahali A, anakifikia. Unarudia mara kadhaa. Kisha, akiwa anatazama kabisa, unakificha mahali B. Baada ya sekunde chache unamruhusu, naye anapeleka mkono A. Piaget alisema mtoto bado hana dhana kwamba kitu kipo chenyewe, mbali na kitendo chake. Wengi waliomfuata walibishana kuhusu kilichopungua kichwani: dhana, kumbukumbu, au uwezo wa kujizuia.

Smith na Thelen walifanya jaribio bila kuficha kitu chochote. Vifuniko viwili tu mbele ya mtoto, kimoja kinatikiswa ili akitazame. Kosa likatokea vilevile. Kama hakuna kilichofichwa, kosa haliwezi kuwa la imani kuhusu vitu vilivyofichwa. Kisha wakambadili mtoto mkao: aliyekuwa amekaa wakati wa A akasimamishwa kabla ya B. Kosa likapungua sana. Bila kuchelewesha, yaani akiruhusiwa kufikia papo hapo, kosa halitokei. Mwaka 2001 Thelen, Smith, Gregor Schöner na Christian Scheier waliyaweka haya yote katika mlinganyo mmoja. Kila mahali ambapo mkono unaweza kwenda pana kiwango cha mwamko, yaani nguvu ya mvuto wa kuupeleka mkono huko. Kuona kitu kikitikiswa huinua mwamko upande huo, kisha hufifia. Kila mara mkono unapokwenda A huacha alama inayojilimbikiza. Ukichelewesha, alama ya jana inaishinda picha ya sasa. Ukimsimamisha mtoto, mkono una njia nyingine ya kwenda, na alama ya zamani hailingani nayo tena.

Napenda ulione hili vizuri kwa sababu linagusa mazoea ya watu wazima moja kwa moja. Mazoea katika mlinganyo huo hayako kama sentensi iliyoandikwa kichwani ikisema “fanya A”. Ni mteremko uliochimbwa na kila tendo lililotangulia, na unahusiana na mkao, mahali na muda ambamo matendo hayo yalifanyika.

Katika ubongo wenyewe hali ni ya wazi zaidi, na hapa nitapita haraka. Alan Hodgkin na Andrew Huxley waliandika mwaka 1952 milinganyo ya namna umeme unavyosafiri katika neva nene ya ngisi, na milinganyo hiyo ni mfumo dinamiki halisi wenye kizingiti na mzunguko wake. Mwaka 1982 John Hopfield alionyesha kwamba mtandao wa nyuroni, yaani seli za neva, unaweza kuhifadhi kumbukumbu kama vivutio: upe kipande cha kumbukumbu, mtandao unateremka wenyewe hadi kumbukumbu nzima. Kazi hiyo ilimpa nusu ya Tuzo ya Nobel ya Fizikia ya 2024. Na kwa inzi mdogo wa matunda, Johannes Seelig na Vivek Jayaraman waliona mwaka 2015 kundi la nyuroni zilizopangwa kwa umbo la duara, na mwamko mmoja ukizunguka duara hilo kufuatana na upande ambao inzi anaelekea, hata gizani. Kivutio chenye umbo la pete, ambacho wananadharia walikuwa wamekichora karatasini miaka mingi kabla, kilionekana kwa darubini.

Je, basi akili si kompyuta? Mwanafalsafa Timothy van Gelder aliandika mwaka 1995 makala iliyouliza akili inaweza kuwa nini kama si ukokotoaji. Mfano wake ulikuwa kidhibiti ambacho James Watt alikiweka kwenye injini ya mvuke mwaka 1788. Mipira miwili ya chuma inazungushwa na injini; kasi ikipanda mikono ya mipira inainuka na kubana valvu ya mvuke; kasi ikishuka inateremka na kuifungua. Hakuna hatua ya kupima, kulinganisha, kukokotoa na kuamuru. Pembe ya mikono na kasi ya injini zinaathiriana kila wakati, basi. Van Gelder alisema huenda akili inafanana na kidhibiti hicho kuliko na mashine ya Turing, yaani mfano wa kinadharia wa kompyuta.

Mimi sikubaliani naye moja kwa moja, na nadhani usichukue upande mapema. Mwanafalsafa mwingine, Andy Clark, alijibu, nami naona alijibu vyema, kwamba kidhibiti cha Watt kimeunganishwa wakati wote na injini ambayo kinaidhibiti. Binadamu hupanga safari ya mwaka ujao, humkumbuka aliyekufa, hupima deni ambalo bado halijakopwa. Kwa kisichokuwepo mbele yake, lazima awe na kitu ndani kinachosimama badala yake. Hilo haliiangushi nadharia ya mifumo dinamiki. Linakataa tu kuuona mfano mmoja kuwa kila kitu. Na ushahidi wa karibuni umefanya ugomvi wenyewe upoe. Mwaka 2013 Valerio Mante, David Sussillo, Krishna Shenoy na William Newsome walirekodi nyuroni za sehemu ya mbele ya ubongo wa nyani walipokuwa wakiamua ama kwa rangi ama kwa mwelekeo wa mwendo, kulingana na ishara waliyopewa. Kisha waliufunza mtandao wa kompyuta kazi ileile na kuchunguza vivutio vyake. Katika vyote viwili taarifa zote mbili zilikuwa zimeingia. Kilichoamua ipi ihesabike ni umbo la mwendo wa hali ya mtandao mzima. Huo ni uchakataji wa taarifa, na ni mfumo dinamiki, kwa wakati mmoja. Kwa hiyo usiyatupe uliyofundishwa. Ongeza swali ambalo hukufundishwa kuliuliza: hali hii inadumu kwa nini, na itapoteaje?

Sasa turudi kwa mtu wako aliyekaa miaka na tabia moja, kisha akageuka.

Badiliko la ghafla halihitaji sababu ya ghafla. Watu humuuliza aliyebadilika, “Nini kilitokea siku ile?”, na yeye hutafuta tukio, kwa sababu sote tunadhani tokeo kubwa lazima liwe na chanzo kikubwa cha wakati uleule. Inawezekana hakuna kilichotokea siku ile. Kigezo fulani, usingizi, upweke, kazi, afya, kilikuwa kinasogea kidogo kidogo kwa muda mrefu, bonde likawa linajaa bila mtu kuona chochote kwa nje, na siku hiyo likaisha. Hapo lakini nikuonye: si kila mgeuko uko hivyo. Pigo kubwa la kweli linaweza kuurusha mpira juu ya kilima ilhali bonde lilikuwa bado la kina kirefu. Na wakati mwingine mabonde mawili ya kina kifupi yamekaribiana, na misukosuko ya kawaida inatosha kumvusha mtu huku na huku. Kwa anayetazama matokeo tu, hali zote tatu zinafanana. Zinatofautiana katika kilichotangulia: ya kwanza ina kuyumba na kuchelewa kurudi, ya pili haina, ya tatu ina kuvuka na kurudi mara kwa mara.

Na kutorudi baada ya sababu kuondoka kunaeleweka kwa njia ileile uliyoiona kwa vidole. Kukirudisha kigezo pale kilipokuwa hakutoshi. Inabidi kukirudisha mbali zaidi, mpaka bonde jipya nalo lijae, au mtu asukumwe kwa makusudi juu ya kilima. Hapa ndipo ninapoyatazama kwa jicho lingine maneno tunayowaambia watu kuhusu utashi. Mtu anayejitahidi kuacha tabia kwa nguvu za moyo peke yake anausukuma mpira kupanda. Akichoka, unarudi, na watu wanamwita dhaifu. Hakuwa dhaifu, nchi ilikuwa haijabadilika. Mwingine anayebadili saa za kulala, watu anaokaa nao na mahali anapofanyia kazi, bila hata kuigusa tabia yenyewe, anaweza kuona siku moja tabia imekuwa nyepesi kuiacha.

Wapo waliojaribu kulipima jambo hili kwa wagonjwa wa sonona. Mwaka 2014 Ingrid van de Leemput, Marten Scheffer na wenzao walichambua hisia za watu zilizorekodiwa mara nyingi kwa siku. Waliona kwamba wale ambao hisia zao zilirudi polepole zaidi, hisia ya saa hii ikifanana mno na ya saa iliyopita, ndio waliokuwa karibu zaidi na badiliko la hali yao baadaye. Mwaka 2016 Marieke Wichers na mwenzake walichapisha habari za mwanamume mmoja aliyekuwa akipunguziwa dawa hatua kwa hatua huku akijirekodi kila siku kwa miezi kadhaa: dalili za kuchelewa kurudi zilipanda kabla sonona haijarudi. Ni matokeo yanayotia moyo. Lakini tafiti zilizofuata zenye watu wengi zaidi zimetoa majibu mchanganyiko, wengine wakigeuka bila onyo, wengine wakionyesha onyo bila kugeuka. Kwa sasa hakuna kipimo cha namna hii ambacho tabibu anaweza kukitegemea kwa mgonjwa mmoja mmoja. Na kwa yeyote anayesoma hapa akiwa anatumia dawa za sonona: usipunguze kwa kujipima mwenyewe, zungumza na anayekutibu.

Nilikuahidi namna ya kuwatambua wanaoitumia nadharia kama pambo. Waulize maswali matatu. Ni kiasi gani kinachobadilika unachokipima? Ni kigezo gani unachokipandisha? Utaona nini kabla ya mgeuko ambacho usingekiona kama umekosea? Asiyejibu hata moja anazungumza kuhusu mabonde tu.

Kuhusu utafiti wako, kikwazo cha kwanza ni desturi yetu ya kupima watu wengi mara moja moja kisha kutafuta wastani. Mtaalamu wa vipimo vya saikolojia Peter Molenaar aliandika kwa ukali mwaka 2004 kwamba uhusiano unaoonekana kati ya watu hauna ulazima wowote wa kuwepo ndani ya mtu mmoja. Mtafiti mwenzake Ellen Hamaker ana mfano mwepesi wa kupiga chapa: ukilinganisha watu, wenye kasi hukosea kidogo, kwa kuwa ni wazoefu, lakini mtu yuleyule akiongeza kasi yake, makosa huongezeka. Nadharia unayoiulizia inazungumza juu ya mwendo wa mtu ndani ya wakati. Mia tano waliojaza dodoso mara moja hawatakusaidia. Watu wachache waliopimwa mamia ya mara, kwa vipindi vifupi kuliko kasi ya badiliko unalolitafuta, watakusaidia.

Chagua basi tabia ambayo unaweza kuipima mara nyingi bila kumchosha mtu na bila kipimo chenyewe kuigeuza. Tafuta kigezo kimoja ambacho unaweza kukipandisha polepole, kisha kukishusha polepole kwa mtu yuleyule, na uandike mgeuko ulitokea wapi wakati wa kupanda na wapi wakati wa kushuka. Pengo kati ya sehemu hizo mbili ndilo histeresisi, na likiwepo una ushahidi kwamba katika pengo hilo pana makazi mawili. Mahali fulani katikati, mkatize mtu kwa jambo dogo, kisha upime anachukua muda gani kurudi. Usitosheke na jaribio la kupanda pekee, kwa sababu kizingiti cha kawaida nacho kitakupa mgeuko. Ukikuta kwamba kigezo hicho hakiwezi kushushwa katika mazingira ya utafiti wako, chagua tabia nyingine kabla hujaandika pendekezo.